UZI: La battaglia di Algeri, filamu ya vita inayopita kwenye vichochoro kama vyetu vya Amu (Lamu)

Mkomani_Darini (mleta uzi)

Assalaam aleikum wadau. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite.

Nataka tuijadili filamu ya mwaka 1966 ya mwongozaji Mwitaliano Gillo Pontecorvo, La battaglia di Algeri, yaani vita vya mji wa Algiers. Ni nyeusi na nyeupe, ya kama saa mbili. Ukiwekewa bila kuambiwa kitu, utaapa kwamba kuna mpiga picha wa habari aliyekuwa akikimbia nyuma ya askari mwaka 1957. Hakuwapo. Mle ndani hamna hata kipande kimoja cha filamu ya habari, na ilipopelekwa Marekani ilibidi tangazo liwekwe ili watazamaji wajue hivyo. Kila mlipuko, kila maandamano, kila mlango unaovunjwa kwa kitako cha bunduki, kilipangwa kikachezwa.

Kisa chenyewe kwa ufupi. Ufaransa iliivamia Algeria mwaka 1830. Tarehe 1 Novemba 1954 chama cha ukombozi cha FLN kilianza vita vya kuwatoa. Filamu haihangaiki na vita vyote, inashika mji mkuu tu, na ndani ya mji inashika Casbah, mtaa wa kale wa Waislamu ulio kilimani juu ya bandari. FLN wanawapiga risasi polisi mchana kweupe. Agosti 1956 Wazungu wenye siasa kali wanatega bomu mtaa wa rue de Thèbes, ndani ya Casbah, usiku, nyumba zinawaangukia watu waliolala. Tarehe 30 Septemba wanawake watatu wanashuka mtaa wa Wazungu na mabomu vikapuni. Januari 1957 mji unakabidhiwa kwa Jenerali Massu na Divisheni ya 10 ya askari wa miavuli, na hapo ndipo mateso yanapokuwa kazi ya ofisi, yana zamu na yana faili. Tarehe 8 Oktoba 1957 mpiganaji wa FLN Ali la Pointe analipuliwa ndani ya maficho yake, pamoja na Hassiba Ben Bouali na mtoto wa miaka 13 waliyemwita Petit Omar.

Sasa nije kwenye kilichonifanya nifungue uzi.

Watu wakiisifu filamu hii husema "inafanana na habari" kisha wanaishia hapo, kama kwamba kamera ikitikisika basi ukweli umepatikana. Ufundi upo, sikatai. Mpiga picha Marcello Gatti aliiharibu picha kwa makusudi: alitoa nakala ya negativu juu ya nakala mpaka chembechembe zikajitokeza na weusi ukakoza. Umati wa watu aliuchukua kwa lenzi za mbali, kwa hiyo nyuso zinabanana na wewe unajihisi umesimama dirishani kwa jirani ukichungulia. Lakini leo kijana yeyote ana programu ya simu inayoifanya picha ya arusi ya jana ionekane ya mwaka 1950. Ufundi peke yake hauogopeshi mtu.

Kinachoogopesha ni nani yumo. Saadi Yacef alikuwa ndiye mkuu wa FLN katika Casbah. Alikamatwa Septemba 1957, akahukumiwa kifo, akasamehewa, na akiwa gerezani aliandika kumbukumbu zake. Uhuru ulipopatikana 1962 akaanzisha kampuni ya filamu, akawaendea Waitaliano na andiko lake. Pontecorvo alilikataa kwa kuwa liliwasifu mno wapiganaji. Yeye na mwandishi Franco Solinas wakaanza upya. Na Yacef, badala ya kununa, akatoa msaada na akaingia mbele ya kamera kucheza mtu aitwaye Jaffar, ambaye ni yeye mwenyewe! Mtu anarudi kwenye vichochoro vilevile alivyojificha, miaka minane baadaye, anaigiza kukamatwa kwake. Ali la Pointe naye alichezwa na Brahim Haggiag, asiyekuwa mwigizaji, aliyeokotwa sokoni kwa sababu ya uso wake.

Mwigizaji wa kazi alikuwa mmoja katika wakubwa wote: Jean Martin, aliyecheza Kanali Mathieu, mkuu wa askari wa miavuli. Na huyu alikuwa ameshapoteza kazi ya jukwaani Ufaransa kwa kutia sahihi tamko la watu 121 la mwaka 1960 la kuipinga vita hiyohiyo. Anayempinga kanali ndiye aliyevaa nguo za kanali, na akapewa maneno makali kuliko wote. Kuna mahali waandishi wa habari wanambana kuhusu mateso. Hakani wala hapigi kelele. Anawarudishia swali: mnataka Ufaransa ibaki hapa au iondoke? Kama mnataka ibaki, basi yapokeeni yote yanayokuja nayo.

Hapo ndipo ninaposhikilia mimi. Filamu hii inaaminika kwa sababu imempa adui akili. Kanali anachora pembetatu ubaoni, anaonyesha jinsi kila mwanachama anavyowajua watu watatu tu, aliyemwingiza na wawili aliowaingiza. Anaeleza kwa nini ana haraka: aliyekamatwa anatakiwa na wenzake anyamaze saa 24, baada ya hapo siri aliyonayo imeoza. Unaielewa hesabu yake, na kuielewa kunakutia kichefuchefu. Angekuwa mlevi mwenye makovu usoni, tungemchukia tukalala vizuri.

Na vichochoro, jamani. Ngazi, kuta za mawe, milango inayofunguka kwenye giza, mwanamke anayepita amejifunika na hakuna anayethubutu kumsimamisha. Kule watu wanakimbia kwa madari, sisi tuna wikio zinazounganisha ghorofa juu ya njia. Niliitazama na mamangu, naye aliniuliza hiyo ni Mkomani, mtaa wetu, ya zamani? Casbah iliingia urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 1992, Mji Mkongwe wa Lamu 2001.

Karibuni.

---

Langoni_Kwetu

Mwalimu, ya negativu tumesikia. Umeviruka vigelegele! Siswi watu wa Amu ndiyo ya kwanza tuliyopaswa kuisema. Askari wanaingia usiku, umeme hamna, hawaoni mtu, na mui mzima unapiga vigelegele kutoka kila dirisha. Kwetu ni sauti ya arusi na maulidi. Mle ndani ilinisimamisha nywele. Bunduki wanayo wao, lakini wanaogopa sauti ya akina mama.

Muziki wa filamu aliotunga Morricone sawa. Vigelegele vinaushinda.

---

BintiShela

Salaam. Nimeisoma sifa yote ya kanali nikangoja nione wanawake watapewa mistari mingapi, nikapata "wanawake watatu wanashuka na vikapu". Kakangu, umefanya alichofanya Pontecorvo.

Wale watatu walikuwa na majina. Bomu la mkahawa wa Milk Bar lilibebwa na Zohra Drif, mwanafunzi wa sheria. La pili, la mkahawa wa rue Michelet, Samia Lakhdari. La tatu la ofisi ya Air France lilikuwa la Djamila Bouhired, na halikulipuka, ingawa kwenye filamu yote matatu yanalipuka. Djamila alikamatwa 1957, akateswa, akahukumiwa kifo, na hakuachiwa mpaka 1962. Zohra baadaye alikuwa wakili na seneta, na akaandika kitabu chake. Hassiba alikuwa na miaka 19 siku alipokufa.

Kwenye filamu, ile sehemu ya kioo ni nzuri mno, nakubali. Wanavua haik, shuka jeupe la kujifunika, wanakata nywele, wanapaka rangi, ngoma inadunda, na hawasemi kitu. Lakini hawasemi kitu sehemu nyingine pia! Wanapewa vikapu na mwanamume, wanaambiwa saa na mahali. Zohra Drif alikuwa na fikra, alisoma, alibishana. Ukimpa kanali ubao na chaki, mpe na yeye dakika mbili.

Kuhusu kujifunika, tusijidanganye kwamba ni kama kwetu tu. Hapa Amu zamani mabibi wa nyumba kubwa walitoka ndani ya shiraa, kile kihema cha kitambaa, na miti yake ilibebwa na watumwa. Kila vazi lina aliyelibeba. Kule Algiers haik ilificha bastola, na Wafaransa walipogundua wakaanza kuwapekua wanawake kwenye vizuizi. Ndipo wakavaa sketi.

---

Kahawa_Tungu

Nimeitafuta mtandaoni, ina tafsiri ya Kiingereza tu chini. Nani atatutafsiria Kiswahili? Babu yangu hawezi kusoma haraka hivyo.

---

Bara_ya_Lamu

Mimi naandika kutoka upande wa bara, na nitasema kidogo.

Niliizima. Kwenye ule mkahawa, kamera inapozunguka kwenye nyuso za watu kabla ya bomu, yule mtoto na aiskrimu yake. Mnajua Juni 2014 Mpeketoni ilikuwaje, na Julai Hindi. Kwetu tulizika. Kisha ikaja kafyu ya miezi, wavuvi hawatoki usiku, waumini wanaikosa Isha msikitini, na vijana wanachukuliwa na hawarudi. Pande zote mbili za filamu hiyo nimeishi kati yake na sikuchagua hata mmoja.

Sisemi ni filamu mbaya. Nasema mtu akiniambia "ufundi wa hali ya juu" kwenye sehemu ile, namwonea ajabu.

---

Mkomani_Darini (mleta uzi)

@Bara_ya_Lamu pole sana ndugu yangu, na Mwenyezi Mungu awarehemu wenu. Sitakushawishi uimalizie.

Niongeze jambo moja kwa wengine, si kwa kukujibu. Baada ya nyumba za rue de Thèbes kuanguka, maiti za watoto zinatolewa na muziki wa huzuni unapigwa. Baada ya mikahawa kulipuka, maiti za Wazungu zinatolewa kwa muziki uleule. Hakubadilisha hata ala moja. Pontecorvo mwenyewe alipigana msituni dhidi ya mafashisti Italia, familia yake ni ya Kiyahudi, alikuwa mkomunisti mpaka 1956. Moyo wake ulikuwa kwa Waalgeria na hakuuficha. Lakini kwenye maiti hakupunguza bei kwa upande wake.

@BintiShela umenikamata. Naongeza lawama nyingine mimi mwenyewe: FLN waliwaua Waalgeria wenzao wengi, hasa wa chama kilichoshindana nao cha MNA, na filamu inapita hapo upesi. Tunaona walevi na makahaba wa Casbah wakirekebishwa kwa nguvu, basi. Mwenye kutoa sehemu ya pesa, na nyumba, alikuwa Algeria mpya. Sidhani hilo ni sadfa.

---

Mswahili_wa_Malindi

Haya, sisi wa Malindi tunaingia kwa mlango wa Kiitaliano 😂. Huku kwetu muuza vinyago anajua Kiitaliano kuliko Kiingereza, na mimi niliiona yenye sauti za Kiitaliano. Sasa fikirieni: askari wa miavuli wa Kifaransa wanavunja mlango wa Mwarabu, na wanafoka kama wale wazee wanaobishana bei ya kamba pale sokoni. Nilicheka mahali pasipochekeka.

Ila nina hadithi. Kabla ya filamu hii Pontecorvo na Solinas walikuwa na mpango mwingine, ulioitwa Parà: askari wa miavuli wa zamani aliyegeuka mwandishi wa habari, anaiona Algiers kwa macho yake. Walimfikiria Paul Newman! Macho ya bluu, jina kubwa, na Waalgeria nyuma kama mapambo. Haikutengenezwa, alhamdulillahi. Filamu ngapi zimetengenezwa pwani hii yetu ambamo kazi ya Mswahili ni kusukuma jahazi huku mzungu akipendana na mzungu mwenzake ufuoni?

---

Mzee_wa_Mkunguni

Vijana, salamu nyingi.

Mnaizungumza Algiers kama kitu cha mbali. Miaka ileile iliyo kwenye filamu, hapa ng'ambo ya maji, kisiwani Manda, Mwingereza alikuwa na kambi ya wafungwa wa Mau Mau. Hali ya hatari ilitangazwa Kenya Oktoba 1952 ikaondolewa 1960. Aprili 1954, miezi michache kabla FLN hawajaanza, Nairobi ilizungushiwa askari katika Operesheni Anvil, watu wakapangwa mistari, wakapitishwa mbele ya mtu aliyefunikwa gunia kichwani lenye matundu ya macho. Akitikisa kichwa umekwenda. Waliitwa gakunia. Sasa angalieni mwanzo wa filamu: mzee aliyeteswa mpaka akasema, anavalishwa sare ya askari ili akawaonyeshe maficho ya Ali. Ni kazi ileile. Na ngome yetu hii mnayopigia picha za arusi ilikuwa jela mpaka 1984. Mimi nimepita chini ya kuta zake nikisikia watu ndani.

La pili, kuhusu ukweli. Filamu inasema Larbi Ben M'hidi, kiongozi wa FLN, alikutwa amejinyonga mahabusu, kama walivyodai Wafaransa 1957, na inakuachia uelewe mwenyewe. Jenerali Aussaresses wa Ufaransa alikuja kukiri mwaka 2001 kwamba waliomuua ni wao. Rais wa Ufaransa alikiri rasmi Novemba 2024. Bunge lao lenyewe halikukubali kuyaita yale ya Algeria vita mpaka 1999. Mwingereza naye alikaa kimya mpaka wazee wetu walipompeleka mahakamani London, na Juni 2013 akakubali kuwalipa 5,228 wao, pauni milioni 19.9 kwa jumla, gharama za mawakili zikiwa humo humo. Gawanyeni muone kila mzee alibaki na nini.

Filamu ilisema mwaka 1966. Ndiyo maana ujumbe wa Ufaransa ulisusa tamasha la filamu la Venice ilipopewa tuzo kuu, Simba wa Dhahabu, na nchini kwao haikuonyeshwa miaka kadhaa.

---

Langoni_Kwetu

@Mzee_wa_Mkunguni shikamoo ami. Ya Manda sikuwahi kuambiwa shuleni. Wallahi. Tunakwenda Takwa, kulekule Manda, kuonyeshwa magofu ya karne ya 16, hakuna anayesema kitu kuhusu kambi.

---

Mkomani_Darini (mleta uzi)

Marahaba si yangu lakini nimeipokea pamoja na mzee.

Watu wa kijeshi nao waliisoma filamu hii. Agosti 2003, Marekani ikiwa imeshaingia Iraki, Pentagon iliwaonyesha maofisa wake, na tangazo la mwaliko lilisema wazi kwamba ni kisa cha kushinda pambano dhidi ya ugaidi na kushindwa vita vya fikra. Maana ndivyo ilivyokwenda: mwaka 1957 Wafaransa walimaliza. Kichwa cha mnyoo, yaani uongozi wa FLN anavyouita kanali, kimekatwa. Kisha filamu inaruka mpaka Desemba 1960, na bila maelezo yoyote Casbah nzima inateremka mjini na bendera walizoshona usiku. Julai 1962 ni uhuru. Wengine wanalaumu mruko huo, wanataka kujua kilichotokea katikati. Mimi naupenda. Kanali alikuwa na ubao, pembetatu na faili, na hakuna hata moja iliyomwambia haya yanakuja.

---

BintiShela

Basi tuseme yetu. Tuna vita vya Shela vya kama 1812. Pate na Mazrui wa Mombasa walishuka hapahapa kwetu, wakapigwa, na waliokimbilia madau wakayakuta yamepwelewa. Wazee walikuwa wakituambia mifupa ilionekana kwenye vilima vya mchanga miaka mingi. Tunaisimulia kwa kifua mbele. Tunachokimeza ni kilichofuata: Amu iliyoshinda ikaogopa kisasi, ikamwita Sayyid Said wa Oman, akaleta liwali na askari, na ngome ikamalizwa kama 1821. Mfaransa alishinda Algiers akapoteza nchi. Sisi tulishinda Shela tukamkaribisha mtawala wenyewe, na mlango tukamfungulia.

Hiyo ndiyo filamu ninayoitaka. Watu wa hapa, Kiamu chetu, madau ya kweli, maji yakitoka kwa saa yake. Hata tungo za Bwana Zahidi Mngumi tunazo, alizowatungia hao mahasimu.

---

Langoni_Kwetu

Nimo! Nina dau na nina ndugu sita. Siswi ni upande wa Amu lakini.

---

Kahawa_Tungu

Amu.

---

Mswahili_wa_Malindi

Mimi nitakuwa Amu pia, mgeni mwalikwa 😂

---

Mkomani_Darini (mleta uzi)

Mnaona shida? Kama wote ni Amu, nani atateremka madauni? Tutapata filamu ambayo Pate ni wajinga wanaopiga kelele, na mtu atalala vizuri. Tunahitaji Jean Martin wetu: mtu mwenye sababu zake za kuja Shela, sababu ambazo mtazamaji wa Mkomani atazisikia na kukosa jibu.

---

Siyu_Hatulali

Nimewasoma toka jana kimya kimya. Mimi ni wa Siyu, kisiwa cha Pate, watu waliomtoa jasho huyohuyo Sayyid Said wenu miaka ya 1840. Naicheza Pate. Maneno yangu nitayaandika mwenyewe, na ya kwanza nitawauliza Amu ushuru wa bandari ulikuwa wa nani kabla yenu. Nauli ya boti kutoka Siyu mtalipa nyinyi.